Ukiangushwa, Anzia Palipo Pazima

Mimi ni fundi wa nguo. Kibanda changu kiko Kaptembwo, Nakuru, na cherehani yangu ni ile ya miguu ambayo stima ikipotea haina habari. Wateja hukaa kwenye benchi wakingoja suruali ipunguzwe au zipu ibadilishwe, na mtu anayengoja huongea. Nimesikia habari za kufiwa, kuachwa, kufutwa kazi, kibanda kuungua na bidhaa zote ndani, mtoto kufungwa jela. Mwenyewe nilifiwa na mume, dereva wa malori ya masafa marefu, watoto wakiwa bado shuleni. Ninayoandika hapa si mahubiri. Ni utaratibu.

Ukipatwa na jambo, kila anayekuja atakuambia ujikaze, uwe na nguvu, usilie mbele ya watoto. Anakutakia mema, lakini anakudai kitu kilekile ulichonyang'anywa. Mimi nashikilia kwamba nguvu haitangulii. Hutangulia hatua ndogo, hata ya kijinga, halafu nguvu ikafuata nyuma. Nguo iliyochanika hushoni kuanzia katikati ya tundu. Unaanza pale ambapo kitambaa bado ni kizima, uzi upate pa kushika. Kwa hiyo acha kujiuliza utavumiliaje haya yote. Jiulize: leo, katika maisha yangu, ni wapi bado pazima? Huenda ni jirani mmoja. Huenda ni kazi. Huenda ni miguu miwili inayoweza kutembea hadi dukani na kurudi. Anzia hapo.

Siku za kwanza: kula, lala, usiamue

Mwenye msiba hunyweshwa chai kutwa nzima. Chai ya maziwa, sukari nyingi, mkate. Jioni kichwa kinauma na mikono inatetemeka, watu wanasema ni majonzi. Majonzi yapo, sikatai, lakini sehemu kubwa ya mtetemeko huo ni njaa. Tafuta mtu mmoja, dada yako au jirani, umwambie waziwazi: "Wewe kazi yako ni kuona nimekula ugali mara moja kwa siku, hata nikikataa." Watu hupenda kupewa kazi. Yule anayesema "ukihitaji chochote niite" hana ubaya, ila hujui umwite kwa lipi. Mpe sufuria.

Usingizi ukikataa, lala hivyohivyo gizani na simu iwe chumba kingine. Saa nane za usiku si saa ya kusoma rambirambi kwenye kundi la WhatsApp. Pombe nayo inakuangusha kwa saa chache halafu inakuamsha kabla ya alfajiri ukiwa umeharibika zaidi. Muguka, yale majani ya kutafuna kama miraa, ndiyo hata nisiiseme. Hiyo inakesha nawe.

Kutoamua ndiko kugumu. Katika wiki hizo za mwanzo watu huja na mashauri. Shemeji ana mnunuzi wa shamba. Rafiki anataka uhamie ushago gharama zipungue. Kuna mtu usiyemjua vizuri anayeulizia pikipiki ya marehemu kwa bei ya kutupa. Ukimjibu "hapana" unaanzisha vita, na ukisema "ndiyo" umeshauza. Kuna jibu la tatu nalo latosha kwa wote: "Nimesikia, asante. Tutaongea mwezi ujao." Lirudie neno kwa neno. Usieleze sababu, kwa maana sababu hujadiliwa.

Kwa wajane, na wagane pia, shikeni namba moja kichwani: 45. Ni kifungu cha 45 cha Sheria ya Urithi, Sura ya 160 ya sheria za Kenya. Kinasema mtu haruhusiwi kuchukua, kuuza wala kugawa mali ya marehemu bila idhini ya sheria au hati ya usimamizi wa mirathi kutoka mahakamani. Anayefanya hivyo anatenda kosa la jinai, faini yake hadi shilingi 10,000 au kifungo hadi mwaka mmoja, au vyote pamoja. Faini ni ndogo, najua. Lakini jamaa walipokuja kuulizia vitu vya mume wangu niliitamka namba hiyo kwa upole, mbele ya mzee wa mtaa, na hakuna kilichobebwa siku hiyo. Huhitaji kupiga kelele ukiwa na kifungu.

Karatasi

Hili halihubiriwi matangani, na kwangu mimi ndilo lililonirudishia pumzi. Tafuta mfuko mmoja wa plastiki unaofungika vizuri, uweke humo kitambulisho chako, vyeti vya kuzaliwa vya watoto, cheti cha ndoa kama kipo, risiti za hospitali, na karatasi yoyote yenye mhuri. Mfuko ukae mahali pamoja. Usimpe mtu aende nao "akakutolee nakala".

Kama ni kifo, fahamu kwamba kibali cha mazishi si cheti cha kifo. Wengi huzika kwa kibali wakadhani wamemaliza, kisha baada ya mwaka mzima wanarudishwa kutoka kila dirisha. Benki itakudai cheti cha kifo. Sako vilevile, na NSSF, na hata pesa zilizobaki kwenye M-Pesa ya marehemu. Maombi ya cheti siku hizi hufanywa kupitia eCitizen. Kama simu yako ni ya mulika mwizi, nenda saiba au Huduma Senta usaidiwe. Kipate mapema, utoe nakala nyingi kwa mkupuo. Halafu nenda kwa chifu upate barua inayotaja warithi. Usiende peke yako. Nenda na mzee anayekujua, ili majina ya watoto wako yatajwe yote na mtu asiyeweza kuambiwa hajui.

Kama ni moto au maji, karatasi ni nyingine. Ziwa Nakuru lilipopanda na kuingia kwenye mashamba na nyumba za watu upande wa Mwariki na Barut (hata lango kuu la mbuga lililazimika kuhamishwa), waliopata pa kuanzia kusema ni wale waliokuwa na kitu mkononi: picha, hati, orodha. Kwa hiyo kabla hujafagia majivu au matope, piga picha. Andika orodha ya vilivyopotea siku hiyohiyo, kumbukumbu ikiwa bado mbichi, na bei uliyonunulia. Ripoti kituo cha polisi upewe namba ya OB, yaani ya kitabu chao cha matukio. Kitambulisho kikiwa kimepotelea humo, bila ripoti ya polisi hutakipata kingine kwa urahisi, na bila kitambulisho hapa Kenya hata laini ya simu huwezi kusajili.

Mgonjwa nyumbani? Hakikisheni wote mmesajiliwa SHA, ile bima iliyochukua nafasi ya NHIF mwezi wa Oktoba 2024. Unapiga *147#. Ukishasajiliwa, huduma za msingi katika zahanati na vituo vya afya vya ngazi ya 2 na ya 3 hazilipishwi. Kulazwa hospitali kubwa ndiko kunakohitaji uwe umelipa mchango wako. Fanya hivyo mgonjwa akiwa bado anatembea.

Wiki ya tatu

Mtu akiniuliza siku ngumu ni ipi, simwambii siku ya mazishi. Siku hiyo umezungukwa. Kuna hema, kuna viti vya kukodi, kuna mc anayependa maikrofoni kuliko alivyompenda marehemu. Tulimzika mume wangu kwao, Kakamega, na nakumbuka zaidi ugomvi wa basi la kurudi kuliko kaburi lenyewe. Siku ngumu huja baadaye, wiki ya tatu hivi, watu wamerudi kazini na simu imenyamaza. Lile kundi la michango lililokuwa likilia usiku kucha sasa linaonyesha jambo moja tu: fulani ameondoka, fulani ameondoka.

Hata misiba mikubwa ya hadharani huenda hivyo. Wake wa madereva mjini hapa tunajuana, na wapo wanaokumbuka Sachangwan, 31 Januari 2009, lori la mafuta lilipolipuka na kuua zaidi ya watu 100. Wapo wa Solai, bwawa lilipobomoka usiku wa 9 Mei 2018. Kamera zilikuja, wakubwa walikuja, blanketi zilikuja. Halafu kamera zikaenda kwingine, na kila mmoja akabaki na jikoni mwake.

Kwa hiyo nguvu za watu usiziache zote ziishe siku ya kwanza. Wakiwa wamejaa sebuleni wakiuliza wasaidieje, toa daftari. "Wewe mama, njoo Jumamosi ya tatu baada ya mazishi, unisaidie kufua." "Kaka, mwisho wa mwezi twende wote kwa chifu." Andika jina na tarehe mbele yake. Utaona haya kidogo. Waliozoea kutoa elfu moja na kuondoka watashangaa. Lakini mtu aliyeandikwa huja.

Chama usikikimbie. Wengi wakikosa mchango wa mwezi hujificha; akimwona mweka hazina soko la Top Market anapinda kona. Nenda kwa mwenyekiti kabla ya kikao, mwambie hali ilivyo, kisha uhudhurie na ukae. Chama kilicho na akili kina mfuko wa masaibu, na hata kama hakina, kuna tofauti kubwa kati ya mwanachama aliyeshindwa kulipa na mwanachama aliyepotea. Wa kwanza hungojwa.

Na urudi kazini, lakini kwa mlango wa nyuma. Mimi sikuanza na suti wala gauni la harusi. Nilianza na kupunguza suruali, kazi inayoisha mtu akiwa amekaa palepale. Unapima, unakata, unakunja, unapiga pasi, mteja anavaa anaenda. Kichwa kilichojaa hakiwezi kubeba kazi ya wiki mbili, ila kinaweza kubeba ya robo saa, na ukimaliza ya robo saa umeshika hela mkononi na umeona kitu kimoja ulichokifanya kikaisha. Mama mboga anaweza kuanza na sukuma na nyanya peke yake. Mwalimu aliye likizo ya msiba asahihishe madaftari ya darasa moja. Usingoje kujisikia vizuri ndipo uanze. Hiyo hamu ya kufanya kazi hurudi ukiwa tayari umeshika mkasi.

Pesa, bila kujidanganya

Chukua karatasi moja. Upande wa kushoto andika kila unayemdai... samahani, kila anayekudai. Wanaokudai huwa wengi kuliko unaowadai. Katikati andika kiasi. Upande wa kulia andika jambo ambalo watu hulisahau: nisipolipa mwezi huu, kutatokea nini hasa? Si unachoogopa, bali kitakachotokea. Kodi: landilodi atafunga mlango au atanisikiliza? Karo: mtoto atarudishwa lini? Deni la duka: atakasirika, basi. Ukimaliza utaona kwamba madeni yanayokunyima usingizi mara nyingi si yale yenye meno.

Mpangilio wangu ni huu: unga na makaa kwanza, halafu kodi, halafu chombo cha kazi, halafu karo, halafu wengine wote. Chombo cha kazi nakiweka juu ya karo na wapo wanaonigombeza kwa hilo. Lakini ukiuza cherehani ulipe karo ya muhula huu, ya muhula ujao utaishona kwa vidole? Pikipiki, jiko la chapati, mkokoteni, simu inayokuletea wateja: hivyo haviuzwi hadi pasiwe na kingine chochote. Runinga na kochi viende kwanza. Kwa karo kuna basari za NG-CDF, ule mfuko wa eneo bunge, na za kaunti. Fomu zake zina tarehe ya mwisho, na anayezikosa mara nyingi ni yule aliyeona haya kwenda kuuliza.

Kwa landilodi nenda mapema, kabla ya siku ya kodi, na uende na kitu mkononi hata kama ni nusu. Maneno yasizidi haya: "Mzee, nimepatwa na jambo. Hii ni nusu. Iliyobaki nitaileta tarehe 20. Nikiona haitawezekana nitakuja mwenyewe tarehe 18 kukwambia." Kisha tarehe 18 uende kweli, hata kama huna kitu. Landilodi wengi wa mitaa yetu ni watu waliojenga nyumba za mabati kwa mkopo. Anachoogopa ni mpangaji anayezima simu.

Mikopo ya simu ndiyo shimo. Mtu amefiwa, anakopa programu moja alipe nyingine, na Fuliza, ule mkopo wa M-Pesa, inakula kila pesa inayotumwa na ndugu kabla hujaiona. Kama ndugu wanakutumia msaada, waambie watume kwa mtu unayemwamini ambaye hana deni, akupe mkononi. Ukilazimika kukopa, soma masharti kwanza. Hustler Fund, iliyoanza Novemba 2022, ina riba ya asilimia 8 kwa mwaka na muda wa siku 14, na asilimia 5 ya unachokopa inaenda kwenye akiba. Hiyo ni nafuu ukilinganisha na programu nyingi, ila siku 14 ni fupi sana kwa mwenye msiba. Na ukitishwa na wakopeshaji, jua kwamba kanuni za Benki Kuu za mwaka 2022 zinawakataza kutukana, kutisha na kuwapigia watu walio kwenye simu yako ili kukuaibisha. Mtu akikupigia hivyo andika tarehe, saa na namba. Utaona sauti yake inabadilika ukimwambia unaandika.

Benchi

Kule Harare, Zimbabwe, daktari wa magonjwa ya akili anayeitwa Dixon Chibanda aliona wagonjwa ni wengi na madaktari wa aina yake wanahesabika kwa vidole. Mwaka 2006, mtaani Mbare, akaanza na bibi 14, wahudumu wa afya wa kujitolea, akawafundisha kukaa na watu kwenye benchi nje ya kliniki. Mradi unaitwa Friendship Bench. Bibi hana dawa. Anamsikiliza mtu amwage yote, kisha wanaorodhesha matatizo, wanachagua moja tu, wanapanga hatua, na mtu anarudi kueleza ilikwendaje. Utafiti uliochapishwa mwaka 2016 ulionyesha kwamba waliokaa na bibi hao walikuwa na dalili chache za sonona na wasiwasi kuliko waliopata huduma ya kawaida. Niliposikia habari hizo nilicheka. Benchi ninayo, na umri unanisogelea.

Basi nimeiga, na wewe waweza kuiga na rafiki yako yeyote mwenye masikio. Kijana mmoja wa boda alinijia baada ya ajali. Tuliandika nyuma ya karatasi ya patani: mguu unauma, deni la pikipiki, kodi, mke amerudi kwao, mama mzazi hajaambiwa. Yeye alitaka tuanze na mke. Nikamuuliza, katika haya ni lipi unaloweza kulisukuma wiki hii kwa nguvu zako, bila kumwomba mtu abadilike? Akanyamaza kitambo. Mguu. Basi hatua zikawa: kesho asubuhi kituo cha afya, ubebe kitambulisho, uulize kama mfupa umepona sawasawa. Tukaishia hapo. Mengine tukayaacha kwenye karatasi, nikaikunja nikaiweka kwenye droo ya vifungo ili asitembee nayo kichwani.

Alirudi. Mguu ulihitaji mazoezi, si upasuaji. Wiki hiyo akachagua mama mzazi. Sikumshauri kuhusu mke na hadi leo sijamshauri; hilo walilimaliza wenyewe.

Anayechagua tatizo ni mwenye matatizo. Wewe ukimchagulia, hata kama umelipatia, hatatembea. Usichague lililo kubwa kuliko yote, chagua linalosogea. Na pawepo siku ya kurudi, kwa sababu mtu akijua Alhamisi ataulizwa, Jumatano atajaribu.

Watoto

Waambie ukweli kwa maneno mafupi. "Baba amekufa. Hatarudi. Tutakula, mtaenda shule, nitakuwa hapa." Habari za "amesafiri" humfanya mtoto akae mlangoni.

Mtafiti Emmy Werner na wenzake walifuatilia watoto waliozaliwa mwaka 1955 katika kisiwa cha Kauai, Hawaii, hadi wakawa watu wazima. Miongoni mwa waliokulia katika dhiki kubwa, karibu theluthi moja waligeuka watu wazima imara, wanaojiweza. Jambo moja lililojitokeza kwao ni kwamba kila mmoja alikuwa na angalau mtu mzima mmoja aliyemjali kwa dhati, na si lazima awe mzazi. Nyanya, shangazi, mwalimu. Mimi hili lilinituliza sana. Kuna miezi ambayo wewe huwezi kuwa mtu huyo kikamilifu. Basi mtafutie mtoto huyo mmoja, umwombe rasmi. Wangu alikuwa mwalimu wa kwaya.

Ikiwa imezidi benchi

Hapa sitanii. Ikipita wiki mbili na karibu kila siku huwezi kuamka, huli au unakula bila kusikia ladha, huna hamu ya chochote ulichokipenda, unajiona mzigo, hayo si uvivu wala imani ndogo. Nenda kituo cha afya ueleze hivyohivyo, au umwambie mhudumu wa afya ya jamii anayepita nyumbani kwenu. Maombi endelea nayo. Mimi pia husali. Ila nimewaona watu walioombewa miezi na miezi kwa jambo lililohitaji mganga wa hospitali.

Ukishuku kwamba mtu anafikiria kujitoa uhai, muulize kwa maneno hayohayo: "Unafikiria kujiua?" Kuuliza hakumpi wazo hilo, humpa mlango wa kulisema. Akisema ndiyo, usimwache peke yake. Dawa za shambani, dawa ya kuoshea ng'ombe na vidonge vyote nyumbani vipelekwe kwa jirani leo, si kesho. Piga 1199, laini ya bure ya Msalaba Mwekundu wa Kenya, au Befrienders Kenya, 0722 178 177. Usiogope polisi: Januari 2025 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu, kilichofanya kujaribu kujiua kuwa kosa, kinakiuka Katiba. Mtu huyo ni mgonjwa, apelekwe hospitali.

Kama wewe ndiwe mgeni

Wengi mnaosoma hapa hamjaangushwa. Mnaye mtu aliyeangushwa na hamjui muingie na maneno gani. Maneno machache yanatosha: "Pole. Nimekuja kuosha vyombo." Usimwambie Mungu ana mpango, huenda anao, ila si zamu yako kuutangaza. Usisimulie msiba wako uliokuwa mbaya zaidi. Usiulize alikufaje. Ukibeba chakula, beba kilichopikwa na kwenye chombo usichohitaji kurudishiwa. Mwenye kibanda kilichoungua, mpelekee kazi anayoiweza, ulipe bei kamili usiombe punguzo.

Na wiki ya tatu ikifika, uko mbali au huna nauli, omba namba ya mita ya nyumba yake. Nunua stima ya shilingi 200, ujumbe wa tokeni ukiingia kwenye simu yako mtumie. Mwezi unaofuata rudia, bila kungoja akuombe.